Kuki za Simu: Nani Anatufuata Tunaposoma?

Majuma haya machache, katika kikao chetu cha kuweka akiba, swali lililorudi mara nyingi halikuwa la mbegu ya maharagi wala la deni la mtu. Lilikuwa hili: kwa nini simu inajua? Mama mmoja alitafuta habari za dawa ya minyoo ya mtoto, na kesho yake matangazo ya dawa yakajaa kwenye kioo. Mwingine alitazama mara moja tu bei ya cherehani huko Goma, na tangu siku hiyo cherehani inamfuata kila anapofungua ukurasa, hata ukurasa wa habari za mvua. Wengine wetu wakasema simu inasikiliza maongezi. Wengine wakasema ni uchawi wa wazungu, tukacheka. Lakini mama wa tatu hakucheka, na kwa ajili yake tumeona vema kuandika habari hii.

Huyo mama alikuwa amesoma juu ya sindano ya kupanga uzazi, ile ya miezi mitatu. Alisoma kwa simu ya nyumbani, simu moja inayotumiwa na baba, na yeye, na kijana wao wa shule. Baada ya siku mbili mume akafungua simu ile kuangalia matokeo ya mpira, na pembeni likatokea tangazo la vidonge vya uzazi. Akauliza. Hakuna aliyepigwa, lakini kwa majuma mawili chakula kililiwa nyumbani mle bila mtu kusema neno. Mama alikuwa hajaamua lolote. Alitaka asome kwanza, aelewe, ndipo azungumze na mwenzake kwa utulivu. Simu ilimtangulia kusema.

Kwa hiyo tuliuliza, tukasoma, tukajaribu kwenye simu zetu wenyewe, tena kwa mega zetu wenyewe. Haya ndiyo tuliyoyapata.

Kinachofanya kazi hiyo kinaitwa kuki. Ni neno la Kiingereza lenye maana ya biskuti ndogo. Simu zilizowekwa katika Kiswahili zinaandika "vidakuzi", na zetu nyingi, kwa kuwa ziko katika Kifaransa, zinaandika "cookies". Kuki si kirusi. Haisikilizi maongezi, haipigi picha, haifungui ujumbe wa WhatsApp. Ni maandishi mafupi, mara nyingi namba tu, ambayo tovuti inayaweka ndani ya simu yako unapoitembelea. Ukirudi, simu inaionyesha tovuti namba ile, na tovuti inasema: kumbe ni yule wa jana.

Mfano tunao karibu. Ukipeleka mtoto kupimwa uzito kwenye kituo cha afya, unapewa kadi yenye namba. Mwezi unaofuata muuguzi hakuulizi upya mtoto alizaliwa lini na amepata chanjo gani. Anatazama namba, anafungua daftari, anaendelea. Bila kadi, kila mwezi ungekuwa mgeni. Kuki ilibuniwa kwa sababu ya namna hiyo hiyo, mwaka 1994, na kijana mmoja Mmarekani, Lou Montulli, aliyekuwa akifanya kazi katika kampuni ya Netscape. Wakati ule tovuti zilikuwa hazina kumbukumbu. Ukiweka kitu kwenye kikapu cha duka la intaneti, ukigeuza ukurasa, kikapu kimesahaulika. Kuki ikaponya jambo hilo, na hadi leo ndiyo inayokufanya ufungue Facebook kwenye Chrome asubuhi bila kuandika neno la siri upya. Kuki ya namna hiyo haina ubaya wowote, nasi hatuna sababu ya kuigombeza.

Ubaya ulikuja na kuki za mtu wa pembeni. Fikirini siku ya soko hapa Kashuga. Unanunua chumvi kwa mama mmoja, sabuni kwa mwingine, kisha unapita kwenye meza ya dawa. Kila muuzaji anakujua kwa kile ulichonunua kwake, basi. Sasa fikirini kwamba nyuma ya kila meza amekaa kijana yuleyule mwenye daftari. Hauzi kitu. Anaandika tu: namba fulani amenunua chumvi, namba ileile amesimama sana kwenye meza ya dawa, akauliza bei ya dawa ya tumbo, hakununua. Jioni kijana huyo anajua safari yako yote ya soko kuliko mume wako anavyoijua. Na wenye meza wamemruhusu akae kwa sababu anawalipa, au anawaletea wateja.

Ndivyo ilivyo kwenye intaneti. Ukifungua ukurasa wa habari, ukurasa ule unaita pia vipande kutoka kwa makampuni ya matangazo, nayo yanaweka kuki zao katika simu yako. Ukihamia ukurasa wa afya, ambao hauna uhusiano wowote na ule wa kwanza, vipande vilevile viko pale pia vinakungoja. Hajui kwamba wewe ni mama fulani wa Kashuga. Anajua namba, na namba inatosha kukuletea tangazo la vidonge mbele ya macho ya mtu mwingine.

Tena kuna jambo la mega. Vile vipande vya matangazo na vya ufuatiliaji vinapakuliwa kwa uniti zako. Wewe ulitaka kusoma mistari ishirini juu ya ugonjwa wa mnyauko wa ndizi, na simu imepakua mistari ile pamoja na picha, video na mizigo mingine isiyoonekana. Anayekufuata anakutoza na nauli ya safari yake. Katika kikao, hili ndilo lililowaudhi wamama kuliko yote mengine.

Mmoja wetu, mwenye umri mkubwa kuliko sisi wengine, aliuliza kwa utaratibu: mimi maskini, nina nini cha kufichwa? Anayetaka kujua kwamba nimetafuta bei ya viazi na ajue. Tuliliheshimu swali lake. Lakini sisi watu wa barabara hii inayotoka Kitshanga na Mweso kwenda Kalembe na Pinga, sisi tuliokimbia au tuliopokea waliokimbia, tunajua orodha ni nini. Tumeandikwa majina kwa ajili ya jetoni ya chakula na ya shuka, na tulifurahi kuandikwa. Pia tunajua hofu ya kuwaza daftari lile litaanguka mikononi mwa nani. Mwezi wa kwanza wa mwaka 2022, shirika la Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu lilitangaza kwamba wezi wa kompyuta wameingia mahali lilipotunza habari za watu zaidi ya 515,000: watu waliotengana na jamaa zao kwa sababu ya vita, uhamiaji na maafa, waliopotea, waliofungwa. Wale hawakuwa matajiri. Walikuwa watu kama sisi, waliotoa majina yao ili watafutiwe watoto wao. Maskini anacho cha kulinda, tena pengine zaidi ya tajiri, kwa kuwa tajiri akidhurika ana mahali pa kukimbilia.

Na kwa upande wa afya ya wanawake, mfano mwingine unatoka Marekani. Kuna programu ya simu inayoitwa Flo, ambayo wanawake wanaandikia siku zao za mwezi na mimba zao. Ilitumiwa na watu zaidi ya milioni 100. Tume ya serikali ya Marekani inayosimamia biashara iliishtaki kampuni hiyo kwamba iliahidi kutunza siri, huku ikipeleka habari za afya za wanawake kwa makampuni mengine, zikiwemo Facebook na Google. Mapatano yalifungwa mwaka 2021. Pale haikuwa kuki yenyewe, bali kipande cha programu kinachofanya kazi ileile ndani ya programu nyingine. Tunaitaja kwa sababu baadhi ya mabinti zetu wameanza kutumia programu za kuhesabu siku. Kufuta kuki hakufuti yale waliyoyaandika humo. Kalenda ya ukutani na alama ya kalamu inafanya kazi ileile, na haimwambii mtu.

Sasa vile vidirisha. Mmeviona: unafungua ukurasa, unafunikwa na maandishi marefu, na chini kuna kitufe kikubwa chenye rangi, "Tout accepter", yaani kubali vyote. Wengi wetu tunabonyeza ili kiondoke. Kidirisha hicho kilizaliwa na sheria za Ulaya, ambazo zinataka mtu aulizwe kabla ya kuwekewa kuki za kumfuata, na sheria kubwa ya kulinda habari za watu huko ilianza kutumika tarehe 25 mwezi wa tano 2018. Makampuni yakatii kwa ujanja: kukubali ni kubonyeza mara moja, kukataa ni kupita milango mitatu. Ufaransa iliyakasirikia. Chombo chao cha kulinda habari za watu, CNIL, kilitangaza mwanzoni mwa 2022 faini ya euro milioni 150 kwa Google na milioni 60 kwa Facebook, kwa sababu hiyo hasa, kwamba kukataa kulifanywa kuwa kugumu kuliko kukubali. Tangu hapo kitufe cha "Tout refuser" kimekuwa rahisi kuonekana kwenye kurasa nyingi. Kitafuteni. Kurasa nyingi zitafunguka vilevile, na habari utaisoma ileile.

Lakini angalieni: ukurasa usiouliza si ukurasa usiofuata. Tovuti nyingi za kwetu Afrika haziulizi chochote, na kuki zinawekwa kimyakimya. Hata hivyo sheria zinaanza kufika. Katiba yetu ya 2006, katika kifungu cha 31, inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa maisha yake ya siri na mawasiliano yake. Mwezi wa tatu 2023 nchi ilipata sheria ya mambo ya kidijitali, ambayo ina sehemu ya kulinda habari za mtu. Kenya na Uganda walikuwa wametunga za kwao mwaka 2019, na Tanzania 2022. Hatutadanganyana: hakuna mama atakayetoka Kashuga kwenda mahakamani kwa ajili ya kuki. Kwa sasa ulinzi wetu uko kwenye vidole vyetu.

Tuanze na simu ya watu wengi, kwa kuwa ndiyo hali ya nyumba nyingi. Ukitaka kusoma jambo ambalo ni lako peke yako, fungua Chrome, bonyeza vile vidoto vitatu vya juu, chagua dirisha la siri, ambalo kwa Kifaransa limeandikwa "navigation privée". Soma unachotaka. Ukimaliza, funga dirisha lile kabisa. Usiliache wazi nyuma. Kuki zilizoingia humo zinakufa pamoja nalo, na orodha ya kurasa ulizosoma haibaki. Mama yule wa sindano, lau angelifahamishwa mlango huu, tangazo lile lisingepata njia rahisi ya kumfuata. Lakini dirisha la siri lina mipaka yake. Halimfichi mwenye reso: kampuni inayokuuzia mega bado inaweza kuona ni tovuti gani umekwenda. Na ukiingia Facebook au Gmail ndani ya dirisha hilo, umeshajitambulisha mwenyewe mlangoni.

Kuna shimo lingine ambalo tulichelewa kuliona. Simu nyingi za nyumbani zimefunguliwa kwa akaunti moja ya Google, mara nyingi ya baba au ya kijana. Ukitafuta neno kwenye dirisha la kawaida, linaweza kuandikwa katika akaunti ile, na kufuta kuki hakulifuti huko. Mwenye akaunti anaweza kulisoma hata kwa simu nyingine. Dirisha la siri linasaidia hapo, mradi usiingie kwenye akaunti.

Kufuta kuki zilizokwisha kuingia si kazi ngumu. Ni vidoto vilevile, kisha mahali palipoandikwa kufuta "données de navigation". Chagua muda, weka alama kwenye kuki, futa. Lakini kwanza ujiulize: neno langu la siri nalijua? Hapa hatucheki. Wamama wengi walifunguliwa Facebook na kijana wa duka la simu, na neno la siri analijua yeye. Kama unaingia Facebook kwa njia ya Chrome, ukifuta kuki zote utatolewa nje, na kurudi ndani itakuwa shida. Badilisha kwanza neno la siri, uliweke kichwani, ndipo ufute. Na hata usipofuta lolote, badilisha neno lile. Aliyekufungulia bado ana ufunguo.

Njia tunayoipenda sisi, kwa kuwa inafanywa mara moja na haimtoi mtu popote, ni kuzuia kuki za pembeni tu. Katika Chrome, ingia "Paramètres", tafuta mipangilio ya tovuti, utaona "cookies tiers", yaani kuki za yule kijana wa daftari. Uzizuie. Kuki za tovuti yenyewe zinabaki, kadi yako ya kituo cha afya inabaki, kijana anaondolewa nyuma ya meza. Mwenye simu ya Apple hana la kufanya hapo, Safari inazizuia yenyewe tangu 2020. Firefox nayo ilianza kuzuia wafuatiliaji wengi mwaka 2019 bila kuombwa. Google ilitangaza mwaka 2020 kwamba itaziondoa katika Chrome, ikaahirisha, ikaahirisha tena, na mwaka 2024 ikaacha mpango ule. Kampuni inayokula kwa matangazo haina haraka ya kufunga jiko. Kwa hiyo mwenye Chrome ajizuilie mwenyewe.

Wanaotumia Opera Mini kwa sababu inakula mega kidogo, nayo ina kuki zake na ina mahali pake pa kufutia. Na ukibonyeza habari ndani ya Facebook, inafunguka katika dirisha la Facebook yenyewe, siyo Chrome. Uliyoyafuta kwenye Chrome hayahusu dirisha lile. Facebook tangu mwanzo wa 2020 ina mahali, katika mipangilio yake, panapoonyesha ni tovuti na programu gani zimeipelekea habari zako, na unaweza kuzitenga na akaunti yako. Mmoja wetu alifungua, akakuta majina ya makampuni ambayo hajawahi kuyasikia. Kikao kizima kikainama juu ya simu yake kama watu wanaotazama mtoto mchanga.

Neno moja la WhatsApp, ingawa si kuki hasa. Unapoacha simu yako kwenye nyumba ya kuchajia, haina kufuli, mtu anaweza kuiunganisha na kompyuta yake kwa dakika moja, akasoma ujumbe wako siku nyingi. Fungua mipangilio ya WhatsApp, tazama vifaa vilivyounganishwa. Ukiona kompyuta usiyoijua, itoe. Na uweke kufuli kabla ya kuiacha. Tunajua kuna nyumba ambapo kufuli kwenye simu kunaleta maswali kuliko kutokuweka. Kila mama anaijua nyumba yake, hatumpangii mtu. Ndiyo maana dirisha la siri tumelitanguliza, kwani haliachi kufuli wala alama.

Jambo tusilotaka litokee ni mwanamke kuogopa kutafuta. Aliyetendewa vibaya njiani kwenda shamba, anayetafuta usiku namna ya kupata dawa, asiseme nitafuatwa na kuki, nisitafute. Aende kituo cha afya, na aende mapema, kwa kuwa dawa za kuzuia virusi vya UKIMWI zinatakiwa zianze kabla ya saa 72 kupita. Kama hawezi kwenda peke yake, agonge kwa mama yeyote wa kikundi, saa yoyote. Kuki zitashughulikiwa baadaye.

Wengi wanajua kwamba koltani inayochimbwa Rubaya, humu humu Masisi, huingia katika simu za dunia nzima. Simu inarudi kwetu ikiwa imekwisha kujifunza kutuuza kwa mara ya pili. Mama mmoja alisema hivyo kikaoni, tukanyamaza kidogo, kisha tukaendelea na hesabu ya akiba.

Juma lijalo, baada ya kugawa mikopo, tutakaa nusu saa na simu mkononi. Mwenye simu ya kioo aje nayo ikiwa na moto, hata bila mega, kwa sababu kuzuia kuki za pembeni hakuhitaji mega. Mwenye simu ya vitufe aje pia, tutazungumza juu ya namba ya siri ya pesa za simu, ambayo wengine bado wanaiandika nyuma ya betri. Mabinti wa sekondari waliosoma menyu za Kifaransa vizuri kuliko sisi wameahidi kukaa kati yetu, mmoja kwa wamama watatu. Wasishike simu ya mtu. Waelekeze tu kwa mdomo, na kila mama abonyeze kwa kidole chake.